Staphylococcus epidermidis au lugdunensis: ulinganisho wa kusaidia uamuzi baada ya majibu ya maabara

Majibu ya kuotesha damu yanapofika wodini yakiwa na mstari mmoja tu, unaosema kwamba wameota stafilokoka wasiozalisha koagulasi, daktari hubaki na maswali matatu ambayo mstari huo haumjibu: bakteria hao wametoka ndani ya damu ya mgonjwa au wamechukuliwa kwenye ngozi wakati wa kuchoma sindano, dawa ianze leo au isubiri, na katheta (mrija unaoingizwa kwenye mshipa wa damu) iliyo kifuani mwa mgonjwa ing'olewe au iachwe. Majibu ya maswali yote matatu hutegemea sana ni spishi ipi hasa iliyoota. Ndiyo maana katika makala haya ninawalinganisha wawili wa kundi hilo ambao hutofautiana zaidi kwa tabia, yaani Staphylococcus epidermidis na Staphylococcus lugdunensis, na mwishoni nitamgusa kwa ufupi wa tatu, Staphylococcus saprophyticus, ambaye uwanja wake ni mkojo.

Kundi lenyewe ni kubwa, lina makumi ya spishi, na kinachowaunganisha ni upungufu: wote hawana kimeng'enya cha koagulasi, kile ambacho Staphylococcus aureus hukitumia kugandisha plazma. Kumtambulisha kiumbe kwa kitu asichokuwa nacho hakuelezi kile anachoweza kufanya, na kwa maoni yangu hapo ndipo chanzo cha makosa mengi ya wodini. Mwaka 1884 Rosenbach aliwagawa stafilokoka kwa rangi ya makoloni, wa dhahabu akawaita aureus na weupe akawaita albus, na kwa miaka mingi baadaye weupe walihesabiwa kuwa wakazi wa ngozi wasio na madhara. Epidermidis ndiye mrithi mkuu wa sifa hiyo. Lugdunensis alitambuliwa rasmi mwaka 1988 na watafiti wa Lyon, Ufaransa, wakampa jina la kale la Kilatini la mji huo, Lugdunum, na kwa kuchelewa kutambuliwa huko aliendelea kufichwa chini ya jina la kundi hata pale alipokuwa akiharibu vali za moyo.

Makazi yao mwilini ni tofauti. Epidermidis yuko karibu kila mahali kwenye ngozi ya kila mtu: mikononi, kwapani, usoni na puani. Lugdunensis hupatikana kwa watu wachache zaidi na hupendelea sehemu za chini ya kiuno, hasa kinena na sehemu inayozunguka njia ya haja, na ndiyo sababu majipu yake mengi huonekana huko, ingawa matiti nayo hupatwa. Watafiti wa Tübingen, Ujerumani, walionyesha mwaka 2016 kwamba lugdunensis anayeishi puani hutengeneza kiuavijasumu kinachoitwa lugdunini, na katika wagonjwa waliowapima, waliokuwa naye puani walibeba aureus kwa asilimia 5.9 tu, ilhali wasiokuwa naye walimbeba kwa asilimia 34.7. Kwa hiyo bakteria huyu anaweza kuwa mlinzi akiwa puani na adui akiingia kwenye damu, na mgonjwa wala muuguzi hana sababu ya kuogopa kumkuta kwenye ngozi tu.

Namna ya kuugua nayo haifanani. Epidermidis ni mvumilivu kuliko kuwa mkali. Nguvu yake kubwa ni kujenga utando: hushikamana na plastiki au chuma, hujifunika kwa ute wa sukari anaoutengeneza mwenyewe, na ndani ya ute huo huishi polepole ambapo dawa nyingi na chembe nyeupe za damu humfikia kwa shida. Anahitaji kitu kigeni mwilini: katheta ya mshipa mkuu, nyonga au goti la bandia, vali ya bandia, mrija wa kupunguza maji ya ubongo, au mrija wa usafishaji damu kupitia tumboni. Homa yake mara nyingi ni ya chini, na kiungo cha bandia kinaweza kuuma kwa miezi kabla mtu hajakishuku. Lugdunensis pia anaweza kujenga utando, lakini hahitaji plastiki ili aanze kazi. Anaweza kumwingia mtu asiye na kifaa chochote, akatengeneza jipu lenye usaha mwingi, akaingia kwenye damu, akatua kwenye vali ya asili ya moyo na kuitoboa kwa kasi inayofanana na ya aureus. Anayemsoma lugdunensis kama ndugu mpole wa epidermidis anamsoma vibaya. Kwa ugonjwa anaouleta, jirani yake wa karibu ni aureus.

Kuwatofautisha mezani

Sahani ya agari ya damu iliyokaa saa 24 kwenye nyuzi 35 haisemi mengi. Epidermidis huonyesha makoloni madogo, laini, meupe yanayoelekea kijivu, ambayo kwa kawaida hayayeyushi damu iliyoyazunguka. Lugdunensis katika saa hizo anaweza kufanana naye kabisa. Ni kufikia saa 48 ndipo makoloni yake mengi huchukua rangi ya krimu au manjano hafifu na kuzungukwa na duara jembamba la damu iliyoyeyuka, na mara nyingi makubwa na madogo hukaa pamoja kwenye sahani moja kiasi kwamba mtaalamu hudhani sampuli imechanganyika, akaitupa au akaomba nyingine. Sahani ya namna hiyo inastahili kurudishwa kwenye joto kwa siku moja zaidi kabla ya kuhukumiwa.

Mtego mkubwa zaidi uko kwenye kipimo cha kioo. Koloni likisuguliwa kwenye tone la maji na kuongezwa tone la plazma ya sungura, baadhi ya lugdunensis hukusanyika mara moja na kufanya chembe chembe kama maziwa yaliyokatika, kwa sababu wana protini ya kushikamana kwenye ukuta wa seli ingawa hawana koagulasi inayotoka nje. Anayeishia hapo ataandika aureus. Anayeendelea na kipimo cha bomba atainamisha bomba baada ya saa 4, kisha tena baada ya saa 24, na kuona plazma ikiteleza kama maji, hivyo ataandika kwamba hakuna koagulasi. Lakini akiandika hivyo bila kuongeza jina la spishi, atakuwa ametoka kwenye kosa moja na kuingia kwenye jingine. Usomaji wa saa 4 usirukwe, kwa kuwa wapo aureus ambao hugandisha plazma mapema na baadaye huyeyusha tonge lao wenyewe, na asubuhi bomba huonekana kana kwamba halikuganda kamwe. Plazma ya binadamu iliyobaki benki ya damu si mbadala wa kuaminika wa plazma ya sungura.

Maabara yenye mashine inayotambua vimelea kwa uzito wa protini zao hupata jina la spishi kwa dakika chache, na huko hakuna udhuru wa kutoliandika. Maabara isiyo na mashine ina njia mbili za bei nafuu ambazo zikitumiwa pamoja hutosha kwa kazi hii: kipimo cha PYR, ambacho hubadilika kuwa chekundu ndani ya dakika, na kipimo cha ornithini, ambacho mchuzi wake hugeuka zambarau. Lugdunensis huwa chanya kwa vyote viwili. Epidermidis ni hasi kwa PYR, na Staphylococcus haemolyticus, mwingine wa kundi hilo, ambaye naye ni chanya kwa PYR, huwa hasi kwa ornithini.

Jina hilo hubadilisha hata usomaji wa diski, yaani kikaratasi chenye dawa kinachowekwa juu ya bakteria ili kupima duara wanaloshindwa kuota. Kwa vigezo vya CLSI, taasisi ya Marekani inayoweka viwango vya maabara, diski ya sefoksitini ya mikrogramu 30 husomwa kwa mipaka miwili: kwa lugdunensis, kama ilivyo kwa aureus, duara la milimita 22 au zaidi linamaanisha kwamba kloksasilini itafanya kazi, kwa epidermidis na wengi wa kundi lake, duara sharti lifike milimita 25. Chukua duara la milimita 23. Likiwa la lugdunensis, mgonjwa anapewa kloksasilini; likiwa la epidermidis, kloksasilini imekataliwa. Rula ni moja na milimita ni zilezile, lakini asiyejua jina la bakteria hawezi kusema dawa ipi itolewe.

Uchafuzi au ugonjwa

Hapa ndipo ulinganisho unapomgusa mgonjwa moja kwa moja. Stafilokoka wa kundi hili ndio wachafuzi wakuu wa chupa za damu duniani kote, na sehemu kubwa ya mara wanapoota hawana uhusiano wowote na homa ya mgonjwa. Katika hospitali ya Kilifi, pwani ya Kenya, watafiti waliochunguza damu ya watoto waliolazwa kati ya 1998 na 2002 waliwahesabu kuwa uchafuzi, na kwa watoto waliotoka nyumbani bila katheta yoyote uamuzi huo ulikuwa na msingi.

Kwa epidermidis, basi, mzani huanza upande wa uchafuzi, na ushahidi ndio unaouvuta upande wa ugonjwa. Chupa moja kati ya nne za seti mbili (seti ni chupa mbili za damu ya mchomo mmoja) ikiota baada ya zaidi ya saa 24, kwa mgonjwa asiye na kifaa chochote mwilini na ambaye homa yake ina maelezo mengine, ni uchafuzi karibu daima, na vankomisini, dawa ya mshipani aliyoanzishiwa, isimamishwe. Seti mbili zilizochukuliwa mikono tofauti, zikiota mapema spishi ileile yenye usugu unaofanana, kwa mgonjwa mwenye katheta au vali ya bandia, ni ugonjwa. Kati ya ncha hizo mbili yapo maeneo ya mashaka, na jibu lake ni kuchukua damu tena kabla ya dozi inayofuata, si kuongeza dawa kwa kubahatisha.

Kwa lugdunensis mzani huanza upande mwingine. Hata chupa moja tu inatosha kumrudisha daktari kitandani: amsikilize moyo upya, atafute jipu kinenani na sehemu ambazo mgonjwa huona aibu kuzionyesha, arudie kuotesha damu, na aombe kipimo cha ekho cha moyo (picha ya moyo kwa mawimbi ya sauti). Uchafuzi kwa lugdunensis upo, lakini gharama ya kumwita mchafuzi ilhali ameshakaa kwenye vali ni kubwa mno kuliko gharama ya ekho moja iliyokutwa safi.

Mzani huu wote hauna maana iwapo damu imechukuliwa ovyo. Nimesimama mara nyingi kando ya kitanda nikitazama ngozi ikifutwa kwa spiriti na sindano ikichomwa ngozi ikiwa bado inang'aa kwa unyevu, kisha kidole kikarudi kuugusa mshipa ili kuupata vizuri. Kidole hicho ndicho kilichoandika majibu ya kesho. Klorheksidini yenye spiriti inahitaji kama nusu dakika ya kukauka, ayodini ya povidoni inahitaji dakika moja na nusu hadi mbili, na kizibo cha chupa nacho kifutwe, kwa kuwa kofia ya plastiki iliyokuwa juu yake haikukifanya kuwa tasa. Mtu mzima atoe mililita 8 hadi 10 kwa kila chupa, kutoka sehemu mbili za mwili, kwa kuwa seti moja pekee humnyima daktari msingi wa kulinganisha.

Dawa

Epidermidis wa hospitalini achukuliwe kuwa sugu kwa kloksasilini mpaka kipimo kithibitishe vinginevyo, kwa kuwa wengi wao hubeba jeni la mecA linalowafanya wasiguswe na penisilini zote na sefalosporini za kawaida. Dawa ya kuanzia ni vankomisini, miligramu 15 hadi 20 kwa kila kilo ya uzito, kila saa 8 hadi 12 kwa mwenye figo nzima, ikipitishwa polepole kwa saa moja au zaidi ili mgonjwa asipatwe na mwasho na wekundu wa uso na kifua, na figo zikifuatiliwa. Sefatriaksoni, ambayo katika wodi zetu hutundikwa karibu kila palipo na homa, haitamsaidia mgonjwa huyu.

Lugdunensis ni kinyume chake: wengi wao bado husikia kloksasilini, na sehemu kubwa husikia hata penisilini ya kawaida iwapo hawazalishi beta-laktamasi, kimeng'enya kinachovunja penisilini. Kwa hiyo kumwacha mgonjwa wa lugdunensis kwenye vankomisini kwa wiki kadhaa, kwa sababu tu ripoti iliandika jina la kundi, ni kumpa dawa dhaifu zaidi, ghali zaidi na yenye hatari zaidi kwa figo, ilhali dawa bora iko kwenye rafu ya duka la dawa la hospitali hiyohiyo. Kwa wawili wote, usaha utolewe; hakuna sindano inayochukua nafasi ya kupasua jipu.

Katheta: kung'oa au kuacha

Uamuzi mgumu kuliko yote huwapata wagonjwa wa usafishaji damu. Katheta iliyopitishwa chini ya ngozi ya kifua ndiyo njia yao ya kuishi, kuweka nyingine kunagharimu fedha ambazo familia huenda imekwisha kuchangishana, na mishipa mikuu ya shingo na kifua ina idadi yake. Kila inayoziba haitarudi.

Kwanza ithibitishwe kwamba katheta ndiyo chanzo. Damu ichukuliwe kwa wakati mmoja kutoka kwenye katheta na kutoka mkononi, na chupa ya katheta ikianza kuota saa 2 au zaidi kabla ya ile ya mkono, katheta ina hatia. Ikiwa aliyeota ni epidermidis, mgonjwa hana dalili za mshtuko, tundu la katheta halina usaha, na homa imeshuka ndani ya siku 2 hadi 3 za dawa, katheta inaweza kuokolewa. Mwongozo wa Chama cha Magonjwa ya Kuambukiza cha Marekani wa mwaka 2009 unataja siku 10 hadi 14 za dawa ya mshipani kwa katheta iliyoachwa, pamoja na kujaza vankomisini ndani ya katheta yenyewe kati ya awamu za usafishaji ili dawa ikae ana kwa ana na utando. Katheta ikitolewa, siku 5 hadi 7 hutosha kwa maambukizi yasiyo na matatizo.

Ikiwa aliyeota ni lugdunensis, mwongozo huohuo unaelekeza atibiwe kama aureus: katheta itoke, ekho ifanyike, na dawa ihesabiwe kwa wiki badala ya siku. Najua jinsi ilivyo vigumu kumwambia hivyo mtu aliyesubiri miezi kuipata katheta hiyo, na bado nadhani ni wajibu kumwambia, kwa sababu kuibakiza ni kuuweka moyo wake rehani. Mshauri wake aeleze mapema jinsi atakavyosafishwa damu katika siku za katikati, maana mgonjwa anayejua mpango huo hukubali kwa urahisi kuliko anayeambiwa tu kwamba katheta inatoka.

Kwenye moyo wenyewe mgawanyo ni wazi zaidi. Epidermidis hutafuta vali za bandia, hasa katika mwaka wa kwanza baada ya upasuaji, na tiba yake ya kawaida ni vankomisini na rifampisini kwa wiki 6 au zaidi, na jentamisini katika wiki 2 za mwanzo. Lugdunensis hushambulia vali za asili na za bandia vilevile, na mara nyingi hufikisha mgonjwa kwa mpasuaji. Vigezo vya Duke, vinavyotumika kutambua maambukizi ya vali za moyo, vilivyohuishwa mwaka 2023, vimemworodhesha lugdunensis miongoni mwa vimelea vya kawaida vya maambukizi ya vali, ilhali wenzake wa kundi huhesabiwa hivyo pale tu mgonjwa anapokuwa na vali ya bandia au kifaa ndani ya moyo. Kwa ukanda wetu, ambako homa ya baridi yabisi bado inaacha vijana wengi na vali zilizoharibika, na ambako vali za bandia huwekwa katika vituo kama Taasisi ya Moyo ya Jakaya Kikwete jijini Dar es Salaam, pande zote mbili za ulinganisho huu zina wagonjwa.

Watoto wachanga waliozaliwa kabla ya wakati ni suala jingine. Kwao epidermidis na haemolyticus ni wagonjwishaji wa kweli, lakini damu inayopatikana ni mililita moja tu ndani ya chupa moja, na kanuni ya seti mbili haitekelezeki. Hapo hali ya mtoto ndiyo itangulie karatasi, na isisahaulike kwamba katika wodi nyingi za Afrika anayeua zaidi ni Klebsiella na jamaa zake, ambao vankomisini haiwagusi kabisa.

Mkojo

Saprophyticus ni rahisi kumweka mahali pake. Humpata hasa mwanamke kijana anayefanya tendo la ndoa, akiwa na maumivu ya kukojoa na haja ya mara kwa mara, na kwa kundi hili la wagonjwa ni wa pili baada ya Escherichia coli. Kipande cha kupimia mkojo kinaweza kuonyesha chembe nyeupe huku sehemu ya naitraiti ikibaki hasi, kwa sababu bakteria huyu habadilishi naitreti kuwa naitraiti, na idadi yake inaweza kuwa chini ya 100,000 kwa mililita. Akiota, diski ya novobiosini ya mikrogramu 5 humtenga: epidermidis na lugdunensis huzuiwa, yeye hukaribia diski. Nitrofurantoini au kotrimoksazoli humtibu vizuri. Fosfomisini haifai, kwa kuwa usugu wake kwa dawa hiyo ni wa asili. Epidermidis akiota kwenye mkojo wa mwanamke huyohuyo asiye na mpira wa mkojo, chupa ya sampuli ndiyo ya kushukiwa kwanza.

Palipo na maabara ndogo isiyoweza kufika kwenye jina la spishi, ombi langu ni dogo: sahani isitupwe siku majibu yanapotoka. Ifungwe kwa mkanda pembeni ili isikauke, iandikwe namba ya sampuli na tarehe, na iwekwe kwenye friji kwa wiki moja. Seti ya pili ikiota, au mgonjwa akipata mnong'ono mpya kwenye moyo, koloni lililohifadhiwa bado litaweza kupelekwa maabara ya rufaa na kupewa jina lake.